Mtambo wa kufuma wenye nguvu za ajabu: uujenge juu ya kitanda kipi?

Waandishi wanaobuni ulimwengu wao wenyewe wanapenda sana mtambo wa kufuma. Kitambaa kinachomficha mtu asionekane, kinachoita mvua, kinachomfunga mfalme mdomo: hayo huja yenyewe. Kazi iko kwenye mtambo. Mwandishi anafika chumbani kwa mfumaji, anaandika "gurudumu likazunguka, nyuzi zikang'aa", kisha anakimbilia tukio linalofuata. Gurudumu ni la kusokotea uzi. Wengine humpa mfumaji wao kitu kinachofanana na cherehani, na cherehani haitoi kitambaa, inashona kilichokwisha kufumwa kwingine. Tena ukisema "kufuma" ukaishia hapo, wasomaji wengi watamwona mtu na sindano mbili anafuma sweta.

Njia nyepesi ni kuazima mifupa ya mtambo wa kweli, halafu kuivisha nguvu unazozitaka. Hapa nimechukua minne inayotofautiana vya kutosha (kitanda hapa ni mtambo wa kufumia, si cha kulalia): kitanda cha mgongoni, kitanda cha mawe, kitanda cha makanyagio na mtambo wa kadi. Yote imetumiwa na watu vizazi kwa vizazi, kwa hiyo udhaifu wake unajulikana, na udhaifu ndio unaoilisha hadithi.

Mtande, mshindio na mwanya

Mtande ni nyuzi zinazotandwa kwanza, sambamba, zikavutwa hadi zikakaza. Mshindio ni uzi unaopitishwa baadaye kwa upana, juu ya uzi huu na chini ya ule. Ukiupitisha kwa vidole, uzi mmoja baada ya mwingine, utazeeka na leso moja mkononi. Ndiyo maana kila kitanda kina namna yake ya kunyanyua nusu ya mtande kwa mpigo mmoja ili ubaki mwanya wa kupitishia mshindio. Kisha nusu nyingine inapanda, mshindio unarudi ulikotoka, na kila mpito unashindiliwa ukae imara.

Maswali mawili basi ndiyo yanayovitenganisha vitanda vyote: mtande unakazwa na nini, na mwanya unafunguliwa na nani? Kwa maoni yangu nguvu za ajabu zikae ndani ya mojawapo ya majibu hayo. Zikikaa kwenye uzi peke yake, uzi wa mbalamwezi, uzi wa nywele za malaika, mtambo unabaki pambo; ungeweza kuuondoa na hadithi isitikisike.

Vigezo

Kila kitanda nimekipima kwa mambo matano. Kwanza mlango wa nguvu, yaani mahali uganga unapoweza kuingilia. Pili bei, kile anachotoa mfumaji. Tatu kitambaa chenyewe, upana wake, urefu wake na michoro inayowezekana. Nne mwenyewe: nani anaweza kuumiliki mtambo, kuuficha au kuuiba. Tano namna unavyoharibika. Uzuri wa sura sikuuhesabu, kwa sababu mtambo wowote ukielezwa na anayeujua unapendeza. Sauti nimeitaja pale tu inapoleta faida.

Kitanda cha mgongoni

Hakina fremu. Ni vijiti, nyuzi na mkanda. Ncha moja ya mtande hufungwa kwenye mti au nguzo. Ncha ya pili imeshikwa na kijiti kilichounganishwa na mkanda unaopita nyuma ya kiuno cha mfumaji, ambaye ameketi chini au amepiga magoti. Wafumaji wa milima ya Andes, wa Guatemala, wa Mexico na wa sehemu za Kusini-Mashariki mwa Asia wanakitumia mpaka leo.

Mlango wa nguvu. Kinachoukaza mtande ni mwili. Mfumaji akiegemea nyuma nyuzi zinakaza, akiinama mbele zinalegea. Mtazame kwa karibu: anainama kidogo, ananyanyua kijiti chenye vitanzi vilivyoshika nusu ya nyuzi, anachomeka upanga wa mbao ndani ya mwanya, anaugeuza usimame kwa ubavu ili mwanya upanuke, anapitisha mshindio, anaulaza upanga na kuushindilia uzi kuelekea tumboni kwake, anaegemea tena. Hakuna hatua ambayo mgongo na pumzi havimo. Nguvu zikiwekwa hapa, hofu ya mfumaji itaingia kwenye kitambaa kabla mwenyewe hajajua kuwa anaogopa. Akifuma ramani, mto utapinda pale alipokohoa.

Kuna mlango wa pili ambao waandishi wengi huupita bila kuuona: ile ncha ya mbali. Imefungwa wapi? Ikifungwa kwenye mti uliozikiwa watu, kitambaa kinavuta kutoka kwa waliozikwa. Ikifungwa kwenye nguzo ya gereza, kila kinachofumwa kitakuwa na kitu cha kufungia. Ikifungwa kiunoni mwa mfumaji mwingine anayeegemea upande wake, una watu wawili ambao hakuna anayeweza kusimama bila kumwangusha mwenzake, na hapo sura nzima imeshajiandika.

Bei. Amefungwa. Adui akiingia hawezi kuruka. Ajifungue mkanda kwanza, au akate mtande na kupoteza kazi ya miezi. Maumivu yake ni ya kiuno, magoti na mabega. Hayo yaandike, kwa sababu mfumaji wa ajabu asiyeumwa mgongo hasadikiki.

Kitambaa. Upana wake hauzidi pale mikono inapofika. Vazi pana hupatikana kwa kuunganisha vipande. Lakini wafumaji wa Andes wanajua kutanda nyuzi kwa namna inayokipa kitambaa pindo kamili pande zote nne, kikatoka kitandani kikiwa kimekamilika bila kuguswa na mkasi. Kama katika ulimwengu wako kukata kitambaa ni kukiua, anza kufikiria kitanda hiki.

Mwenyewe. Yeyote. Kinakunjwa, kinatiwa kwenye bunda la nguo, kinavuka mpaka mbele ya askari. Mtawala akipiga marufuku ufumaji, atachoma nini? Vijiti? Kesho vitachongwa vingine. Itambidi awawinde watu wenyewe, na hilo linageuza siasa ya hadithi yako yote.

Kuharibika. Uzi ukikatika unaungwa kwa fundo, na kosa linafumuliwa mstari kwa mstari. Shida ni mfumaji akifa njiani. Mwingine anaweza kuendeleza, ila mkazo wa mwili wake ni mwingine, na jicho lililozoea litaona mpaka kati ya mkono na mkono.

Kinamfaa mwandishi mwenye mhusika mmoja mkuu, mwenye siri, mwenye safari. Hakimfai anayehitaji joho elfu moja za jeshi kabla ya mapambazuko.

Kitanda cha mawe

Hiki kinasimama. Miti miwili iliyoegemezwa ukutani, mti mmoja umelazwa juu, mtande unaning'inia kutoka kwenye mti huo, na chini kila fungu la nyuzi limefungiwa uzito wa udongo uliochomwa au wa jiwe. Wagiriki wa kale walikitumia. Katika jumba la makumbusho la Metropolitan mjini New York kuna chupa ndogo ya mafuta ya Ugiriki, ya kati ya miaka 550 na 530 kabla ya Kristo, iliyochorwa wanawake wawili wamesimama mbele ya kitanda cha namna hii huku wenzao wakipima sufu na kusokota uzi. Huko Norway kiliendelea kutumika mpaka karne ya 20.

Mlango wa nguvu. Mtande unakazwa na ardhi, kwa uzito. Hapo una nafasi ambayo vitanda vingine havina: kila uzito unaweza kuwa kitu tofauti. Jiwe la kaburi, kipande cha nyota iliyoanguka, kiapo kilichofungwa ndani ya udongo kabla haujachomwa. Toa uzito mmoja, na fungu lake la nyuzi linalegea, si kitambaa kizima. Basi ukoo wenye uzito arobaini una ahadi arobaini, na aliyeiba mmoja usiku ameiba ahadi mojawapo.

Kuna jambo jingine ambalo lingenishawishi mimi. Kazi kwenye kitanda hiki mara nyingi huanza na utepe mwembamba uliofumwa kando. Mshindio wa utepe huo huachwa mrefu upande mmoja, na nyuzi hizo ndefu ndizo zinazokuwa mtande wa kitambaa kikubwa. Kwa maneno mengine, kuna kitambaa kidogo kinachoamua kikubwa kabla hakijaanza. Mwenye hadithi ya utabiri hana haja ya kutafuta zaidi.

Bei. Miguu na mikono. Mfumaji hakai; anatembea kushoto kulia mbele ya kitanda, mikono juu, akishindilia mshindio kuelekea juu kwa sababu kitambaa huanzia juu na kushuka. Wanaweza kufanya wawili, mmoja kila upande, na mazungumzo yao ni nafasi ya bure kwa mwandishi.

Kitambaa. Kipana, kwa kuwa anayetembea hafungwi na urefu wa mikono yake. Urefu unatawaliwa na kimo cha kitanda, ingawa kilichokwisha kufumwa kinaweza kuviringishwa kwenye mti wa juu.

Mwenyewe. Nyumba. Hakisafiri. Anayekitaka lazima aitwae nyumba, aoe ndani yake, au aivunje.

Kuharibika. Moto. Miti inaungua au kuoza, nyuzi zinapotea, udongo unabaki. Wachimbaji wa mambo ya kale hutambua mahali kitanda kiliposimama kwa safu ya vizito iliyolala sakafuni. Mhusika wako akiingia kwenye magofu na kuona mstari wa vidonge vya udongo chini ya vumbi, anaweza kujua ukubwa wa kitambaa kilichokuwapo bila kuwa na uzi hata mmoja mkononi. Sauti pia ni yake: vizito vikigusana hulia kila mwanya unapobadilishwa, na aliye chumba cha pili anajua kazi inaendelea. Na anajua imesimama lini.

Kinafaa hadithi za koo, urithi, viapo na magofu. Shujaa wa kuzurura hakimfai.

Kitanda cha makanyagio

Hapa mwanya unafunguliwa na miguu. Vitanzi vimefungwa kwa kamba hadi kwenye makanyagio. Ukibonyeza la kushoto nusu moja ya mtande inapanda, la kulia nusu ya pili. Mikono imeachwa huru kurusha mshindio na kuvuta chanuo la kushindilia. Sura zake ni nyingi, nami nitataja mbili zenye manufaa kwa mwandishi.

Ya kwanza ni kitanda cha shimo, kama cha wafumaji wa Ethiopia na India: mfumaji huketi ukingoni mwa shimo, miguu ikiwa ndani kwenye makanyagio. Ya pili ni kitanda chembamba cha Afrika Magharibi, ambacho Waasante na Waewe hufumia kente. Mtande wake unanyooshwa mbele ya mfumaji mita nyingi na kufungwa kwenye kitu kizito kilicholala chini, mara nyingi jiwe. Kadiri anavyofuma na kukikunja kitambaa upande wake, ndivyo jiwe linavyoburutwa kumjia.

Mlango wa nguvu. Mdundo. Uganga wa kitanda hiki ni mpangilio wa hatua, kushoto, kulia, kushoto mara mbili, na anayeujua anaweza kuufanya gizani. Anaweza kuufundisha kama ngoma, au kuusikia kupitia ukutani na kuuiba kwa masikio. Katika kitanda cha shimo, nusu ya mwili iko chini ya uso wa ardhi. Ikiwa una kuzimu katika ulimwengu wako, miguu ya mfumaji imeshafika huko kila asubuhi, na sidhani unahitaji kueleza zaidi ni nani anayebonyeza makanyagio siku mfumaji akichelewa.

Jiwe linaloburutwa ni mlango mwingine. Badala ya jiwe weka kitu ambacho mfumaji anakitaka, au anachokiogopa, upande wa pili wa uwanja. Kila mpito wa uzi unakisogeza kwa unene wa uzi mmoja. Una saa ya hadithi isiyohitaji kutajwa saa.

Bei. Ndogo kuliko ya vitanda viwili vilivyotangulia, kwa siku moja. Ila kasi yenyewe ni mtego, maana mikono na miguu ikizoea, akili huondoka. Mfumaji anaweza kufuma dhiraa nzima ya kitu kibaya akiwa anapiga soga.

Kitambaa. Kitanda cha Afrika Magharibi hutoa ukanda mrefu wenye upana wa sentimita kama 10, kisha kanda hushonwa ubavu kwa ubavu zikawa nguo, kama ukili unavyoshonwa ukawa mkeka. Ili michoro ikutane sawasawa, aliyefuma alipaswa kuipanga akilini tangu ukanda wa kwanza. Kwa hadithi, hii ni zawadi. Nguvu zinaweza kulala katika kila ukanda zikiwa bubu mpaka zishonwe pamoja. Kanda ishirini zikafichwa na wafumaji ishirini wasiojuana. Na ukanda mmoja ukikosekana, nguo nzima ikawa nguo tu.

Mwenyewe. Mtaa, au chama cha mafundi. Hiki ndicho kitanda cha mji wa biashara, wenye watoto wanaojifunza kwa kusokota na kukaa karibu, na wachuuzi wanaongoja mlangoni. Usidharau ukubwa wa biashara hiyo: msafiri Ibn Battuta, aliyefika Mogadishu mwaka 1331, aliandika kwamba vitambaa vilivyotengenezwa mjini humo vilipelekwa mpaka Misri. Mji unaweza kujulikana kwa kitambaa chake kabla haujajulikana kwa mfalme wake.

Kuharibika. Kamba za vitanzi hulika kwa kusuguana. Hatua ikikosewa, mistari miwili huingia mwanya mmoja na kosa linaonekana kama kovu. Miguu ikijeruhiwa, mfumaji mzima amejeruhiwa.

Kinamfaa anayeandika kuhusu mji, mafundi wengi, njama na masoko. Anayetaka mtu mmoja mpweke mlimani atakiona kina kelele mno.

Mtambo wa kadi

Mwaka 1725 huko Lyon, Ufaransa, Basile Bouchon alitumia karatasi yenye matundu kuchagua nyuzi za kunyanyua. Wengine wakaongezea, na mwaka 1804 Joseph Marie Jacquard akayaunganisha mawazo ya waliomtangulia katika mtambo uliobeba jina lake. Kila kadi ni mstari mmoja wa mshindio. Kadi inakandamizwa kwenye safu ya sindano: penye tundu sindano inapita na kulabu yake inabaki pale pa kunyanyuliwa, pasipo na tundu sindano inasukumwa nyuma, na kulabu yake inakwepeshwa. Kulabu zilizobaki zinapanda na nyuzi zake, mwanya unafunguka, mshindio unapita, na mnyororo wa kadi unasonga hatua moja.

Mlango wa nguvu. Kadi. Kwa mara ya kwanza uganga unatengana na mfumaji. Aliyetoboa matundu yuko mji mwingine, pengine amekwisha kufa. Anayefuma huenda hajui anachokifuma. Na si kutia chumvi: hariri yenye maua mara nyingi ilifumwa uso ukiwa chini, mfumaji akiona mgongo wa kitambaa tu. Mhusika anayefuma jicho kubwa kwa wiki nzima bila kuliona, mpaka siku wanapolikunjua, ni mhusika ambaye vitanda vitatu vya kwanza haviwezi kukupa.

Ukiwa na hamu ya kujua mlango huu unafika wapi, mwanahisabati Mwingereza Ada Lovelace aliandika mwaka 1843 kwamba mashine ya kukokotoa iliyobuniwa na Charles Babbage, nayo ya kutumia kadi, ingefuma michoro ya aljebra kama mtambo wa Jacquard unavyofuma maua na majani. Kitu kinachofuma maua kwa matundu kinaweza kufuma hesabu. Katika ulimwengu wa kubuni kinaweza kufuma sheria, au hali ya hewa, au kumbukumbu za watu.

Bei. Mfumaji hatumii nguvu nyingi za rohoni. Analipa kwa kodi, deni na masikio. Watu wa Lyon waliupa mtambo jina la mlio wake, bistanclaque, na mtaa mzima wa Croix-Rousse ulijengwa nyumba zenye dari ndefu ili mitambo iingie. Waandishi wengi hupenda kuonyesha wafumaji wakivunja mtambo kwa hasira. Wafumaji wa Lyon walipoinuka mwaka 1831, ugomvi ulikuwa juu ya bei wanayolipwa kwa kazi yao. Hilo, kwangu, ni tajiri zaidi kuliko chuki dhidi ya mashine: nguvu za ajabu ziko mikononi mwa mtu asiyemudu chakula cha jioni.

Kitambaa. Picha yoyote, kwa undani wowote, na tena na tena. Mwaka 1839 ilifumwa picha ya Jacquard mwenyewe kwa hariri, kwa kadi zipatazo 24,000, na walioiona walidhani imechapwa. Anayetaka nakala mia za kitambaa kilekile, zisizotofautiana hata kwa uzi, hana mtambo mwingine katika orodha hii.

Mwenyewe. Mtambo ni wa mwenye mtaji au dola. Lakini kadi zinabebeka. Mwizi hahitaji mtambo. Anahitaji sanduku la kadi, au usiku mmoja wa kuzinakili. Hadithi ya ujasusi inakaa vizuri hapa.

Kuharibika. Kadi zimeunganishwa kwa uzi, moja baada ya nyingine. Tundu moja likizibwa kwa nta, kosa litarudi kila mchoro unapojirudia, katika kila nguo, kwa kila mnunuzi, mpaka mtu agundue. Unyevu huzipinda kadi, panya huzila. Zikidondoka zikakatika na kuchanganyika, unahitaji aliyezipanga, au namba zilizoandikwa pembeni, ikiwa aliyezipanga alitaka ziandikwe.

Unafaa hadithi ya dola, viwanda, siri zinazonakiliwa na watu wanaotumika bila kujua. Haufai kabisa mahali ambapo unataka msomaji ahisi joto la mkono wa mfumaji ndani ya nguo.

Vinapowekwa kando kwa kando

Tofauti kubwa kuliko zote ni umbali kati ya nia na kitambaa. Katika kitanda cha mgongoni umbali huo haupo. Katika cha mawe umefungwa ndani ya nyumba na historia yake. Katika makanyagio umo kwenye mazoea ya mwili na ya mtaa. Katika kadi unaweza kuvuka vizazi. Uchawi unaotegemea moyo safi unakwenda vizuri na cha kwanza na vibaya na cha mwisho. Uchawi unaotegemea maneno sahihi, yaliyoandikwa sawasawa, ni kinyume chake.

Kwa kuficha, cha mgongoni na kadi vinakaribiana kuliko unavyodhani: kimoja kinafichwa chote, kingine kinafichwa roho yake tu. Kwa kasi, mgongoni na mawe hazishindani na vile viwili vingine. Kwa tukio la kishindo, kitanda cha mawe kinachoungua kinavishinda vyote. Kwa tukio la kimya, mtu aliyefungwa kiunoni anasikia nyayo nyuma yake.

Usione haya kuchanganya, ila uchanganye kitu kinachoweza kufanya kazi. Kabla ya kadi kulikuwa na vitanda vya hariri, China na kwingineko, vilivyohitaji watu wawili: mfumaji chini, na msaidizi anayevuta kamba za michoro zilizoning'inia juu ya mtande. Msaidizi ndiye aliyefanya kazi ambayo kadi zilikuja kuifanya. Mtoto aliyekaa juu ya mtambo, akivuta kamba kwa wimbo wa kukariri ambao maana yake hajui, ni kiungo kizuri kati ya makanyagio na kadi, na mwandishi mwenye moyo mgumu atakuwa tayari ameshajua wimbo huo unasema nini.

Nimeuacha nje mtambo unaoendeshwa kwa injini, uliopata hataza ya Edmund Cartwright mwaka 1785, kwa sababu unapofika huko unaandika kiwanda, na kiwanda kina vigezo vyake.

Uchague kwa hali yako

Ikiwa mfumaji wako yuko mafichoni au njiani, chukua kitanda cha mgongoni, na uamue mapema ncha ya pili inafungwa wapi kila anapolala. Ikiwa mfumaji ni ukoo na si mtu, chukua cha mawe. Andika orodha ya vizito na kilichomo ndani ya kila kimoja, hata kama msomaji ataonyeshwa vitatu tu. Ikiwa hadithi ina kundi, soko, au jambo lililogawanywa vipandevipande, makanyagio. Ikiwa ina himaya na karani wake, kadi.

Ikiwa unaandikia watoto, cha mawe na cha makanyagio vinaeleweka haraka zaidi, maana mtoto anaona jiwe linavyovuta na mguu unavyobonyeza. Mtambo wa kadi unahitaji aya mbili za maelezo hata kwa mtu mzima. Kama huna nafasi ya aya hizo, tumia kitu kingine. Na kama hadithi yako ni fupi, ya kurasa chache, kitanda cha mgongoni kinaingia ndani yake bila kuikaba.

Ukibaki na viwili usivyoweza kuchagua kati yake, andika ukurasa mmoja kwa kila kimoja: mfumaji yuko katikati ya kazi, uzi wa mtande unakatika, na mtu anabisha mlango. Kwenye kitanda cha mgongoni itambidi ajifungue kabla ya kusimama. Kwenye cha mawe, kizito kitayumba na kugonga vingine, na anayebisha atasikia. Kwenye makanyagio miguu itasita, mtaa utajua. Kwenye kadi, mtambo utapiga mistari mingine mitatu kabla hajagundua. Uchukue ule ukurasa ambao mhusika wako alifanya jambo ambalo hukulipanga.